City Water: mkataba uliostahili kuvunjwa, na namna ulivyovunjwa

Tarehe 24 Julai 2008 jopo la wasuluhishi watatu lilitoa uamuzi ambao ukiusoma haraka utadhani kuna kurasa zimenyofolewa katikati. Tanzania ilikutwa na makosa manne chini ya mkataba wake na Uingereza wa kulinda uwekezaji: imetwaa mali ya mwekezaji, haikumtendea kwa haki na usawa, imechukua hatua zisizo na msingi dhidi yake, na haikumpa ulinzi aliostahili. Kisha ukafika ukurasa wa fidia, na fidia ikawa sifuri. Kila upande ukaambiwa ubebe gharama za mawakili wake.

Kesi hiyo ni Biwater Gauff dhidi ya Tanzania, namba ARB/05/22 katika ICSID, kituo cha kimataifa cha kusuluhisha migogoro ya uwekezaji. Mjini Dar es Salaam ilijulikana kwa jina moja tu: City Water. Hoja yangu ni kwamba Serikali ilikuwa na sababu nzuri kabisa za kuachana na kampuni ile, ikazichafua yenyewe kwa haraka ya wiki tatu, na kilichookoa fedha za umma ni ubovu wa kampuni kuliko umakini wa upande wetu.

Nani alikuwa nani

Mwaka 2003 Tanzania ilipata dola milioni 140 kutoka Benki ya Dunia, Benki ya Maendeleo ya Afrika na Benki ya Uwekezaji ya Ulaya ili kukarabati na kupanua mtandao wa majisafi na majitaka wa Dar es Salaam. Sharti mojawapo lilikuwa kwamba uendeshaji ukabidhiwe kampuni binafsi. Zabuni ikatangazwa. Kampuni tatu zilipita mchujo wa awali, lakini mbili, zote za Ufaransa, hazikuleta bei. Ikabaki zabuni moja mezani. Mtu yeyote aliyewahi kukaa kwenye bodi ya zabuni anajua maana yake: huna wa kumlinganisha naye, na bei ikiwa ya chini kupita kiasi hakuna wa kukushtua.

Walioshinda walikuwa wabia wawili, Biwater ya Uingereza na Gauff ya Ujerumani. Wakaunda kampuni huko Uingereza, Biwater Gauff (Tanzania) Limited, Biwater wakiwa na asilimia 80 na Gauff asilimia 20. Kampuni hiyo nayo ikaungana na mbia wa Kitanzania, Super Doll Trailer Manufacture, wakasajili hapa nchini City Water Services Limited: asilimia 51 za wageni, 49 za mzawa. City Water ndiyo iliyosaini mkataba na DAWASA, mamlaka ya majisafi na majitaka ya Dar es Salaam, tarehe 19 Februari 2003. Mkataba ulikuwa wa upangishaji wa miaka kumi, maana yake mitambo na mabomba yanabaki mali ya DAWASA, na City Water inayaendesha, inauza maji, inakusanya bili na kulipa kodi ya pango kila mwezi.

Tazama ngazi zilivyo. Upande mmoja kuna kampuni mama, chini yake kampuni ya wabia ya Uingereza, chini yake kampuni ya wabia ya Tanzania. Upande wa pili kuna Serikali, na chini yake mamlaka ya maji yenye uwezo wa kushtaki na kushtakiwa kwa jina lake. Waliosaini mkataba ni wa ngazi ya chini pande zote mbili. Waliokuja kugombana ICSID ni wa juu. Karibu kila swali gumu la kisheria katika kisa hiki limetoka katika pengo hilo.

Kazi ilivyokwenda

City Water ilianza kazi tarehe 1 Agosti 2003. Ilikuta mji ambao maji yake yanatoka Ruvu Juu, Ruvu Chini na Mtoni, kisha mengi yanapotelea njiani kwenye mabomba ya zamani na maunganisho ya wizi, na ambako familia nyingi hazijawahi kuona bili ya maji kwa sababu hazijawahi kuwa na bomba. Walinunua dumu la lita 20 kwa jirani mwenye kisima, kwa muuza maji wa mkokoteni, au walisubiri boza. Hata mwendeshaji hodari angetoka jasho.

Mwendeshaji huyu hakuwa hodari. Kila shilingi aliyolipa mteja iligawanyika mafungu matatu: fungu la City Water yenyewe, fungu la DAWASA, na fungu la mfuko wa kuwaunganishia maji kwa mara ya kwanza watu wa kipato cha chini. Zote zilipita mkononi mwa City Water. Hapo ndipo mambo yalipoanza kuoza. Mfumo mpya wa bili ulichelewa, orodha ya wateja ikavurugika, na makusanyo yakashuka hadi chini ya yale DAWASA iliyokuwa ikikusanya yenyewe kabla ya mageuzi. Kampuni iliyoletwa kwa sababu shirika la umma halijui kukusanya bili ikakusanya kidogo kuliko shirika la umma. Kuanzia Julai 2004 iliacha kulipa kodi ya pango, na michango ya ule mfuko wa wanyonge nayo haikufika ilikotakiwa.

Badala ya kulipa, City Water ikaomba mkataba ufunguliwe upya na bei ipandishwe. Mkataba uliruhusu bei kupitiwa mambo fulani yakibadilika. Haukuruhusu bei kupandishwa kwa sababu mzabuni alipiga hesabu zake vibaya. Mazungumzo yakaenda hadi Mei 2005, yakavunjika.

Kufikia hapo DAWASA ilikuwa na jalada ambalo wakili yeyote angelipokea kwa mikono miwili: malimbikizo ya kodi, fedha za mfuko ambazo hazikuwasilishwa, malengo yaliyokosekana, na mkataba wenye utaratibu ulioandikwa wazi. Unatoa notisi ya ukiukwaji, unampa mwenzako muda wa kurekebisha, muda ukiisha hajarekebisha unavunja, mnakabidhiana. Tarehe 12 Mei DAWASA ilidai dhamana ya utekelezaji iliyowekwa benki na kutoa notisi. Mpaka hapo hakuna kosa hata moja.

Kuanzia Mei 13 hadi Juni Mosi

Kesho yake Waziri wa Maji na Maendeleo ya Mifugo wa wakati huo, Edward Lowassa, aliwaita waandishi wa habari na kutangaza kwamba mkataba umevunjwa. Haukuwa umevunjwa. Notisi ilikuwa na umri wa siku moja na muda wa kurekebisha ulikuwa ndiyo kwanza unaanza kuhesabiwa. Siku chache baadaye wafanyakazi wa kampuni walihutubiwa katika mkutano uliokuwa na sura zote za mkutano wa siasa, wakiambiwa kwamba wanahamia kwenye chombo kipya cha umma. Kabla Mei haijaisha msamaha wa kodi ya ongezeko la thamani ambao kampuni ilikuwa nao ukaondolewa. Tarehe 1 Juni Serikali iliingia kwenye ofisi za City Water na kushika menejimenti, na mameneja wake watatu wa kigeni wakafukuzwa nchini. DAWASCO, kampuni mpya ya umma, ikaanza kazi.

Ulikuwa mwaka wa uchaguzi, na kashfa ya maji ilikuwa mdomoni mwa kila mtu. Wananchi wengi walishangilia, na sioni ajabu. Lakini mfikirie mwenye nyumba ambaye mpangaji wake hajalipa miezi kumi. Amempa notisi halali, na kesho yake anaita mtaa mzima kutangaza kwamba jamaa kafukuzwa, kisha kabla notisi haijaisha anamtolea vyombo nje. Deni liko palepale, ila sasa mpangaji naye ana la kusema mahakamani.

City Water walikuwa na la kusema, na wakasema mara mbili, sehemu mbili.

Majopo mawili, maswali mawili

Jopo la kwanza liliketi kwa kanuni za UNCITRAL, tume ya Umoja wa Mataifa ya sheria za biashara, kwa sababu ndivyo mkataba wa upangishaji ulivyoelekeza. Walalamikaji na walalamikiwa walikuwa wale waliosaini: City Water na DAWASA. Swali lilikuwa la mkataba tu: nani alivunja masharti? Mwishoni mwa 2007 jopo likajibu kwamba ni City Water, na likaiamuru iilipe DAWASA takriban pauni milioni tatu. Upande wa mwendeshaji haukupata kitu.

Jopo la pili ni la ICSID, lililofunguliwa Agosti 2005. Hapa aliyelalamika ni kampuni ya wabia ya Uingereza, na aliyelalamikiwa ni Jamhuri ya Muungano. Swali nalo likabadilika: je, dola imemtendea mwekezaji wa Kiingereza kama ilivyoahidi katika mkataba wa nchi mbili wa 1994?

Nimewasikia watu wakilalamika kwamba huko ni kuchezea kesi mara mbili. Sikubaliani nao kabisa. Serikali inapoingia mkataba wa biashara inafanya mambo ambayo mfanyabiashara yeyote angeweza kuyafanya: kudai kodi, kuita dhamana, kutoa notisi, kuvunja. Jopo la ICSID lilisema hatua za namna hiyo, hata mwekezaji akizichukia, ni mambo ya mkataba na hayagusi ahadi ya dola. DAWASA kudai dhamana yake hakukuhesabiwa kuwa kosa la kimataifa. Lakini kuna mambo ambayo mwenye mkataba wa kawaida hawezi kuyafanya hata akitaka. Mwenye nyumba hana uwezo wa kufuta msamaha wa kodi wa mpangaji wala kumpakia kwenye ndege. Ikitumia mamlaka hayo, dola imevua koti la mwenye mkataba na kuvaa la mtawala. Mambo yote yaliyoiumiza Tanzania katika uamuzi ule yalitendwa kati ya tangazo la Mei 13 na kukamatwa kwa ofisi Juni Mosi, na yote yalitendwa na mtawala.

Serikali ilijitetea kwamba maji ni uhai na mji haungeweza kusubiri. Ni utetezi mzito, na asasi za kiraia ziliutilia nguvu. LEAT (wanasheria watetezi wa mazingira), Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na TGNP (mtandao wa jinsia), pamoja na wenzao wawili wa kimataifa, waliomba kusikilizwa ingawa hawakuwa wahusika wa kesi. Februari 2007 jopo likawaruhusu kuwasilisha maandishi, jambo lililokuwa geni kabisa wakati huo kwa sababu kanuni zinazoliruhusu zilikuwa zimetungwa mwaka mmoja tu kabla. Nyaraka za kesi hawakuonyeshwa, na chumbani hawakuingia kwa kuwa mwekezaji alikataa. Waliandika bila kujua kwa hakika pande zimesema nini, na bado walilifanya jopo likiri kwamba maandishi yao yamelifaa.

Hoja ya dharura yenyewe haikupita. Jopo liliuliza swali rahisi: kama mkataba ulikuwa unafikia mwisho wake baada ya wiki chache kwa notisi ileile ya DAWASA, na maji hayakuwa yamekatika, ni dharura gani iliyotokea tarehe 1 Juni ambayo haikuwepo Mei 31? Serikali haikuwa na jibu la kuridhisha. Mimi pia sina.

Sifuri ilivyopatikana

Ukisoma mpaka hapo unasubiri hundi. Mwekezaji alikuwa akidai kama dola milioni 20. Ila ili ulipwe fidia huna budi kuonyesha kwamba hasara yako imeletwa na kosa la mwenzako, na hapo ndipo vitabu vya City Water vilipogeuka kuwa shahidi wa Serikali.

Jopo lilipima thamani ya kampuni kabla ya ule mfululizo wa makosa. Ilikuwa inaendeshwa kwa hasara, ina malimbikizo, haina namna ya kupandishiwa bei, na notisi halali ya kuvunjiwa mkataba iko mezani. Hakuna mnunuzi mwenye akili timamu ambaye angetoa fedha kuinunua. Ilichopoteza Juni Mosi ni wiki chache za mwisho za biashara mfu. Wasuluhishi wawili, Bernard Hanotiau aliyeongoza jopo na Toby Landau, walisema matendo ya Serikali hayakusababisha hasara yoyote kwa sababu hasara ilishakuwepo. Wa tatu, Gary Born, aliandika maoni yake pembeni: madhara yalikuwepo, kwa kuwa kampuni ilinyimwa haki ya kukabidhi kwa utaratibu, ila madhara hayo hayana bei ya fedha iliyothibitishwa. Wote watatu wakafika sifuri kwa njia mbili.

Napendelea njia ya Born. Ukisema hakuna madhara kabisa, unakaribia kusema kwamba kampuni iliyofilisika inaweza kuvamiwa bure. Hilo halipaswi kuwa sheria popote.

Na tusijipongeze mno. Weka kando kesi hii uone ya Dowans, kampuni iliyorithi mkataba wa umeme wa dharura wa Richmond. TANESCO, shirika la umeme la umma, ilivunja mkataba huo mwaka 2008 katikati ya kishindo cha kashfa ya Richmond, ikaeleza kwamba mkataba wenyewe tangu mwanzo ulikuwa batili. Jopo la usuluhishi la ICC, chemba ya kimataifa ya biashara, halikukubali, na Novemba 2010 likaamuru malipo ya zaidi ya dola milioni 65, zile shilingi bilioni 94 zilizoimbwa bungeni na kwenye daladala. Hasira ya umma ilikuwa ya aina ileile, na Watanzania walikuwa na sababu ya kuwa nayo. Tofauti ni kwamba shirika lilikuwa limeshirikiana na Dowans kama mwenye mkataba wake, kisha likataka kusema halimtambui. Kwenye maji tulikuwa na jalada la makosa ya mwenzetu. Kwenye umeme tulikuwa na kashfa, na jopo la wasuluhishi halilipi wala kusamehe kwa kashfa.

Pauni milioni tatu za nani?

Sehemu hii huwa inarukwa, na mimi naiona ndiyo yenye funzo kubwa kwa halmashauri na mashirika yanayosaini mikataba na wabia kila siku.

Pauni milioni tatu ziliamriwa zilipwe na City Water, kampuni yenye dhima yenye ukomo, ambayo mitambo yake ilikuwa ya DAWASA, ofisi zake zimeshachukuliwa na wateja wake wamehamia DAWASCO. Wenye hisa wake, wa Uingereza na wa hapa, hawakuwa wadaiwa. Ubia wao ulikuwa wa hisa, na hisa ni ukuta. Kama City Water ingekuwa ubia wa kawaida chini ya Sheria ya Mikataba, ile firma ya watu wawili watatu wanaogawana faida bila kusajili kampuni, kila mbia angedaiwa deni lote hadi kwenye mali zake binafsi. Ndiyo maana ofisa manunuzi mwenye uzoefu akiona kampuni ya wabia iliyosajiliwa miezi miwili kabla ya kusaini, kama City Water iliyosajiliwa Desemba 2002, hadai tu dhamana ya benki. Anadai pia hati ya udhamini kutoka kwa kampuni mama. Dhamana ya benki huliwa mara moja ikaisha.

Ukuta huohuo ulimbana mbia mzawa kwa upande mwingine. Ofisi zilipochukuliwa Juni Mosi, asilimia 49 ya kilichochukuliwa ilikuwa yake. Mwenzake mwenye asilimia 51 alikwenda ICSID kwa sababu alikuwa na pasi ya Uingereza. Yeye hakuwa na mkataba wa nchi mbili wa kumlinda dhidi ya nchi yake mwenyewe.

Firma ya Kitanzania ikivunjiwa mkataba leo na taasisi ya umma, njia yake inaanzia kwenye Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali: notisi ya siku 90 kabla ya kufungua shauri. Tangu marekebisho ya Sheria Namba 1 ya 2020, utaratibu huo unagusa pia halmashauri, wakala na mashirika ya umma, Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe, na shauri linafunguliwa Mahakama Kuu. Katika siku 90 hizo mkandarasi mpya anaweza kuwa ameshamwaga zege juu ya msingi wa yule wa kwanza. Mawakili wamezoea kukimbilia amri ya Mareva, yaani zuio la muda linaloombwa wakati notisi bado haijakomaa na kesi yenyewe haijafunguliwa. Hakimalizwi kitu kwa Mareva, kinagandishwa tu. Mwombaji lazima aonyeshe kwamba kuna jambo la kubishaniwa na kwamba akisubiri ataumia kiasi ambacho fedha haitamponya, na mahakama nyingi humkatalia hapo kwenye la pili, kwa sababu mkataba wa biashara huhesabika kuwa kitu kinacholipika kwa fedha. Kwa hiyo firma inayotaka Mareva ianze na viapo, vipimo vya kazi iliyokwisha fanyika vilivyosainiwa na mhandisi wa mradi, na picha za eneo zenye tarehe, siku ileile notisi ya kuvunjiwa inapofika.